Neno "pole" kule Nowa Huta

Habari zenu wote wa kundi, mlio Nakivale, Kyangwali, Nyarugusu, Kigali na popote mlipo, pamoja na ninyi wa mashirika ambao mnatusomaga kimyakimya bila kuacha hata neno.

Wiki iliyopita mwenzetu mmoja aliandika hapa kwamba watoto waliobahatika kwenda Ulaya "walikulia ndani ya picha". Majengo ya vioo, bustani, aiskrimu. Hatukukasirika. Tulicheka, halafu tukapigiana simu sisi watatu, dada mkubwa, kaka wa katikati na mdogo wetu wa mwisho, tukasema basi tuandike. Tunaandika pamoja, kwa hiyo mkiona mahali tunabishana wenyewe kwa wenyewe msishangae. Ndivyo tulivyo hata mezani.

Sisi tulikulia Poland, mji wa Kraków, lakini si ule Kraków wa kwenye kalenda wenye kasri na farasi. Tulikaa upande wa mashariki, Nowa Huta. Jina lenyewe maana yake ni kiwanda kipya cha chuma. Mwaka 1949 serikali ya kikomunisti ilianza kujenga pale mji mzima juu ya mashamba ya watu, kwa ajili ya wafanyakazi wa kiwanda, na kiwanda wakakipa jina la Lenin. Miaka ya 1970 watu karibu 40,000 walikuwa wanafanya kazi humo. Tulipofika sisi, mwaka 2009, kiwanda kilikuwa kimeshabadilisha jina na kubadilisha wenyewe, wafanyakazi wamepungua sana, lakini moshi bado ulikuwepo. Asubuhi za baridi ulikuwa unauonja ulimini kabla hujauona.

Mama alitangulia. Alifika vipi, hiyo si habari ya kuandika huku. Alipopata hati zake alituombea sisi watatu, tukatoka Nakivale tukamfuata. Baba alibaki. Ndoa yao ilikuwa ya mahari na wazee, watu wakala wakacheza, kijiji kizima kule Kivu kikashuhudia, lakini karatasi haikuwepo, na ofisi iliyoshika faili letu ilitaka karatasi. Ninyi wa mashirika, hii mnaijua kuliko sisi. Tutarudi kwa Baba.

Siku ya tatu baada ya kufika (kaka anasema ya pili), tulikuwa ndani, hatujui tufanye nini na mikono yetu, tukasikia watoto wanapiga kelele chini ya dirisha. Katika ile kelele yote tukashika neno moja tu. Pole! Dada akakimbilia dirishani. Kweli, watoto sita au saba, wamevaa kofia za sufu, pua nyekundu, wanaangalia juu, wanasema pole, pole. Sisi tukaelewa vizuri kabisa: watu wa hapa wamesikia yaliyotupata, wametuma watoto wao waje kutupa pole. Tukaona kumbe bazungu wana utu. Kaka anaapa kwamba dada alifungua dirisha akajibu "Asanteni!" Dada anakataa mpaka leo.

Mama aliamka, maana alikuwa amelala mchana akitoka kazi ya usiku, akacheka mpaka akakaa chini. Hakuna aliyekuwa anatupa pole. Walikuwa wanamwita mwenzao wa ghorofa ya juu atoke kucheza. Kwa Kipolandi neno pole ni shamba, au uwanda, na wenyewe wanasema hata jina la nchi yao limetoka huko. Watu wa Kraków wakitaka kusema "twende nje" wanasema "na pole", hata kama huko nje ni lami tupu. Watu wa Warszawa hawasemi hivyo, wana neno lao, na pande hizo mbili zinabishana kuhusu jambo hilo kama sisi tunavyobishana Kiswahili cha nani ndicho safi.

Kwa hiyo neno letu la kwanza la Kipolandi tulikuwa nalo tayari. Maana tu ndiyo ilikuwa nyingine.

Sasa huko "pole" kwenyewe kulikuwa hivi. Magorofa ya matofali, ghorofa tatu nne, yamezunguka kiwanja chenye miti mikubwa. Sehemu ile ya zamani ya Nowa Huta nyumba nyingi hazina jina la barabara. Anwani yako ni jina la mtaa na namba ya gorofa, basi. Na katikati ya kiwanja kuna kitu kinaitwa trzepak. Kukitamka kulitugharimu mwezi mzima. Ni vyuma vilivyosimama na vingine vimelala juu yake, kazi yake ni kuanika zulia ulipige litoke vumbi. Jumamosi akina mama na wanaume waliolazimishwa na wake zao walikuwa wanakuja na mazulia, unasikia pa! pa! pa! kiwanja kizima. Siku nyingine zote kilikuwa cha watoto. Unaning'inia kichwa chini, miguu juu, unaongea na mwenzako anayening'inia hivyohivyo. Urafiki wetu wote wa miaka ile ulianzia kichwa chini. Kilikuwa ni bunge, ni goli la mpira, ni mahali pa kulilia. Mtu akikuudhi unamwambia "tukutane trzepak".

Funguo tulivaa shingoni kwa kamba. Nusu ya watoto wa pale walikuwa hivyo, wazazi wako zamu, mtoto anajifungulia mlango, anapasha supu, anashuka. Hatukuwa maskini peke yetu, na hilo lilitusaidia sana, tuseme ukweli. Mvulana wa mlango wa pili aliishi na bibi yake kwa sababu mama yake alikuwa anafanya usafi Uingereza. Alipotusikia tunamzungumzia Baba aliyebaki mbali alitikisa kichwa tu, wala hakuuliza kitu.

Ngazini kulikuwa na sheria moja kubwa: kusalimia. Ukipishana na mtu mzima yeyote, unasema "dzień dobry", hata kama umepishana naye dakika tano zilizopita ukiwa unashuka. Usiposalimia, habari inafika kwa mama yako kabla wewe hujafika. Hapo tulijisikia nyumbani kabisa. Mzee mmoja mstaafu wa kiwandani alikuwa anakaa kwenye benchi karibu na mlango, vidole viwili hana mkono wa kushoto, na yeye alikuwa anatutega: anajifanya amelala aone kama tutasalimia.

Mambo ya shule tutayapita haraka. Unabadilisha viatu mlangoni, unavaa vya ndani, vya nje unatia kwenye mfuko unatundika. Alama ni kuanzia 1 mpaka 6, na 6 ndiyo nzuri. Supu kila siku, na siku ya kwanza tulipewa supu ya matango yaliyochachushwa. Dada alilia. Sasa hivi ndiye anayeipika. Nyumbani Mama alisonga bugali kwa unga mnene wa ngano ambao wenzetu wanapikia watoto uji wa maziwa, na badala ya sombe alichukua mchicha wao wa kugandishwa, akatia siagi ya karanga. Ilikuwa karibu. Haikuwa yenyewe, lakini ilikuwa karibu.

Kitu kimoja lazima tukieleze vizuri, maana wenye kutoka Kivu mtakielewa. Kraków kuna timu za mpira ambazo mashabiki wake wanachukiana kweli, wanapigana kweli, na Nowa Huta ina timu yake pia, Hutnik. Kwa hiyo ukikutana na wavulana usiowajua, wanakusimamisha wanakuuliza swali moja: "Za kim jesteś?" Wewe uko upande wa nani? Kaka alikuwa na miaka 9 alipoulizwa mara ya kwanza, nyuma ya gereji, na wavulana watatu. Miguu iliisha nguvu. Mnajua swali hilo kwetu liliulizwa wapi na nani, na jibu baya lilikuwa na bei gani. Yeye hakujua timu hata moja ya pale. Akasema jina la kwanza lililomjia: "TP Mazembe."

Wakatazamana. Wakamwambia arudie. Akarudia. Wakacheka, wakamwacha apite, na kuanzia siku hiyo jina lake pale mtaani likawa Mazembe.

Halafu ikaja Desemba 2010. Mnaokumbuka mnakumbuka. Mazembe, timu ya Lubumbashi, iliifunga Internacional ya Brazil 2–0 kwenye Kombe la Dunia la vilabu, ikaingia fainali. Ilikuwa haijawahi kutokea timu ya Afrika kufika hapo. Na yule kipa, Kidiaba, alikuwa akishangilia kwa kukaa chini na kurukaruka kwa makalio uwanjani. Wavulana wa kiwanja chetu waliona video kwenye intaneti. Jioni walikuja kubonyeza kengele yetu, wote, hata wale wa nyuma ya gereji: "Mazembe! Ni ile timu yako?" Na tukashuka, theluji mpaka magotini, na tunawaambia ukweli mtupu: watoto kumi na tano wa Kipolandi walikaa kwenye theluji kuzunguka trzepak wakaanza kuruka kwa makalio kama Kidiaba. Mzee wa benchi alisimama dirishani akitutazama. Siku chache baadaye Inter ya Milano ikatufunga 3–0 kwenye fainali. Hakuna aliyemcheka kaka. Walimpa pole, kwa lugha yao.

Tusiwadanganye lakini. Kuna shairi la watoto la Julian Tuwim, la zamani, la kabla ya Vita Kuu ya Pili, kuhusu mtoto mweusi wa Afrika aitwaye Bambo. Karibu kila mtu mzima wa kule alilisoma shuleni, analijua kwa kichwa. Basi tuliitwa Bambo sisi wote, pamoja na dada, wakati Bambo ni mvulana. Wengi walisema kwa kucheka, wakidhani wanatufurahisha. Wachache walisema kwa namna nyingine, na tofauti unaijua bila kuelezwa. Na siku moja ndani ya tramu, tukiwa tunaongea sisi kwa sisi, mwanaume mmoja mtu mzima alitugeukia akatuambia tuache kelele hizo za porini, hapa ni Poland. Tramu ilikuwa imejaa. Watu waliangalia nje dirishani.

Tuliposhuka dada aliweka sheria. Kiswahili mwisho wake mlango wa chini. Kuanzia ngazi kwenda nje, Kipolandi tu.

Sheria hiyo haikutoka shuleni, wala serikalini, wala kwa yule mtu wa tramu. Ni sisi tuliiweka. Na kama mnavyojua, kitu ukikiacha mlangoni, siku moja unasahau kukiokota. Tulianza kuongea Kipolandi hata jikoni. Mama alikuwa anatuuliza kwa Kiswahili, tunajibu kwa Kipolandi, na yeye alikuwa amechoka mno kugombana. Alikuwa anasafisha maofisi katikati ya mji usiku kucha, anarudi na tramu namba 4 ya alfajiri akiwa amekaa pamoja na wanaokwenda zamu ya asubuhi. Wao wanaanza, yeye anamaliza. Mdogo wetu hakulelewa na lugha ya Mama. Alilelewa na lugha yetu.

Kabla ya hilo, bibi wa ghorofa ya pili. Hatutaji jina lake, ameshafariki, lakini lazima awemo. Mwaka wa kwanza, usiku wa tarehe 31 Desemba, hakuna aliyetuambia kuhusu fataki. Saa sita usiku mji mzima ulianza kulipuka. Mama hakusema kitu. Alitukusanya, akatuingiza bafuni kwa sababu bafuni hakuna dirisha, akatulaza chini, akazima taa. Mdogo wetu alikuwa akicheka, hajui. Sisi wawili tulijua. Mara tukasikia mlango unagongwa, na sauti ya bibi. Alikuwa amepanda na sahani ya keki kutupa heri ya mwaka. Mama alimfungulia huku anatetemeka. Bibi akaangalia, akaona watoto watatu sakafuni, hakuuliza. Aliingia, akakaa kwenye ukingo wa beseni la kuogea na nguo zake za sikukuu, akatushika vichwa mmoja mmoja. Alituambia, na Mama akatutafsiria, kwamba yeye alikuwa mtoto wakati wa vita na mpaka leo hapendi kelele hizi. Akakaa mpaka ziliponyamaza. Keki tulikula humohumo bafuni.

Ni yeye aliyetuambia kwamba ndugu wa marehemu mume wake alikaa Uganda alipokuwa mtoto. Tulidhani amechanganyikiwa. Kumbe ni kweli, Wapolandi waliopelekwa Siberia na Wasovieti, walipoachiliwa walipitia Iran, na kuanzia 1942 maelfu walipokelewa Afrika Mashariki: Tengeru karibu na Arusha, na kwa Uganda ni Koja na Masindi. Wa Kyangwali, siku mkipita Masindi nendeni Nyabyeya, kanisa walilojenga wakimbizi hao bado limesimama.

Krismasi ya 2010, mwezi uleule wa Mazembe, bibi alitualika usiku wa tarehe 24. Kwao usiku huo meza inakuwa na sahani moja ya ziada, kwa mgeni asiyetarajiwa. Mdogo wetu, miaka 4, akauliza kwa Kipolandi kama ni ya Baba. Bibi akasema ndiyo, ni ya Baba. Tukala samaki wao wa kambale-si-kambale, mwenye miiba mingi, na Mama akasema kwa Kiswahili kwamba Baba angemla huyu na miiba yake. Bibi alimpa Mama gamba moja la yule samaki aliweke kwenye pochi, eti pesa haziishi. Pesa ziliisha, lakini gamba Mama anayo.

Sasa Baba. Alikuwa anaongea nasi Jumapili. Tulikuwa tunanunua kadi ya kukwangua kwenye kibanda cha magazeti, tunapiga Nakivale, na dakika zinakimbia. Mama kwanza, halafu dada, halafu kaka. Mdogo wetu alikuwa wa mwisho, na kila Jumapili zamu yake ilikuwa fupi zaidi. Anasema "Jambo Baba", Baba anaongea, yeye anaitikia "no, no, no", ambayo kwa Kipolandi cha mazungumzo ni ndiyo, ndiyo, ndiyo. Baba alikuwa anasikia mtoto wake anamkatalia kila kitu. Hatukumweleza kamwe. Tuliona aibu.

Januari 2013 Baba alipiga yeye mwenyewe, siku ya kazi, jioni. Bibi yetu mzaa baba alikuwa amefariki kule Kivu. Mama aliingia chumbani akafunga mlango. Dada akaongea, akalia, akampa kaka. Kaka akampa mdogo wetu simu, kwa mazoea tu. Alikuwa na miaka 7. Akasikiliza, akasema no, no, akarudisha simu, akaenda mlangoni. Akavaa buti, koti, kofia, akafunga na skafu mwenyewe, akatoka. Hatukumzuia, tulidhani hataki kutuona tunalia.

Ikapita nusu saa hivi. Giza lilikuwa limeshaingia. Dada akachungulia dirishani akamwona amesimama peke yake karibu na trzepak, chini ya taa, anaangalia njia inayotoka kituo cha tramu. Tukashuka mbio na ndara za ndani. Tukamuuliza anafanya nini. Akajibu kwa Kipolandi kwamba Baba amemwambia pole. Amesema mara nyingi, pole, pole mwanangu. Kwa hiyo ametoka nje, anamsubiri. Akatuuliza kama Baba anajua gorofa letu ni lipi, maana yote yanafanana.

Kaka alimbeba mgongoni. Dada hakuweza kusema chochote, na tunaandika hivi kwa ruhusa yake.

Juu, kadi ilikuwa na dakika nne. Tukapiga tena. Kaka akaweka sauti ya nje, akamwambia Baba, kwa Kiswahili chetu kilichoshika kutu, kwamba mtoto hasikii lugha, ni kosa letu, tafadhali amuulize kitu chepesi. Kule kukawa kimya, mpaka tukadhani imekatika. Halafu Baba akasema polepole, neno moja, "Umekula?"

Mdogo wetu akatuangalia. Dada akamwonyesha kwa mkono, kijiko na mdomo.

"Nimekula," akasema.

"Umekula nini?"

Hapo akakwama. Akafikiri. "Zupa," akasema.

"Zupa," Baba akarudia. "Haya. Sisi tumekula posho na maharage. Sema maharage."

"Maharage."

Kadi ikaisha.

Kuanzia Jumapili iliyofuata zamu ya kwanza ikawa ya mdogo wetu, Mama akawa wa mwisho. Sasa ana miaka 19. Hii sehemu ya trzepak na taa ameiandika mwenyewe, sisi tumesahihisha maneno manne tu. Baba bado yuko Nakivale na faili liko kwenye rufaa ya pili. Ataisoma hii leo jioni kama simu yake itakuwa na chaji, kwa hiyo Baba, ile "no, no" ilikuwa ndiyo.

Picha ya trzepak tutaiweka kesho, kaka anaitafuta.